Kamera Isije Mazikoni Kwangu

Zimeni hiyo televisheni, wanangu, mnisikilize, na wewe kifungua mimba wangu usijifanye unatafuta simu. Sogea hapa kitandani, karibu na mto wangu, maana macho yananiishia, na leo nasema na wote watatu lakini ugomvi wangu ni na wewe.

Mtaani hata watoto wadogo wananiita Mama Mkwe, kwa ajili ya yule mwanamke mwenye roho mbaya niliyemwigiza kwenye tamthilia miaka kumi na tisa. Sokoni nimetukanwa, muuza vitunguu alikataa kuniuzia mpaka nimrudishe mkwe wangu nyumbani, nami nikacheka, kazi ni kazi. Hilo halikuniuma. Linaloniuma ni la jana: mtayarishaji amekaa sebuleni kwangu, anakunywa chai yangu, anasema nikifa mimi Mama Mkwe naye afe, waje wapige picha maziko yangu wayatie kwenye tamthilia, waombolezaji wa kweli, kaburi la kweli. Na wewe, mwanangu wa kwanza, ukaweka sahihi! Kikulacho ki nguoni mwako. Yaani hata kufa kwangu umeshakupangia zamu?

Sasa nawaambia jambo ambalo hata baba yenu alikwenda hajalijua. Kombe lile la kabatini, mnalolifuta vumbi na kuwaonyesha wageni, nililipata kwa kilio. Nilikuwa binti, nacheza mjane, tukarudia kile kilio mara saba na mwongozaji anasema bado, unalia kama mtu aliyejikata kidole. Kaka yangu akapiga simu ofisini kwamba mama amefariki. Mwongozaji akaipokea yeye, akanificha, akawasha taa, akawaweka watu wa kamera tayari, ndipo akanijia mbele ya kamera akaninong'oneza habari ile. Nilianguka pale sakafuni kwenye nyaya, namwita mama yangu, na watu ishirini wamesimama, hakuna hata mmoja aliyenishika, kwa sababu angenishika angeingia kwenye picha. Nilipomaliza akasema asante, tumepata. Na mimi, mpumbavu mkubwa, nikapanda jukwaani nikalipokea kombe na kumshukuru mtu yule kwa jina. Hasira hiyo nimelala nayo miaka arobaini, na nusu yake ni juu yangu mwenyewe.

Basi shikeni maneno haya, asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Nyumba hii ni yenu nyote, isiuzwe mpaka kitinda mimba amalize chuo. Nguo zangu za kuigizia mpeni mshonaji wangu, alizishona akazipanua kiunoni kila nilipozidi kunenepa wala hakunicheka. Kombe liwekeni chini lizuie mlango usipigwe na upepo, angalau lifanye kazi. Na wewe binti yangu wa kati, mdomo wako ni wangu mtupu. Siku ya kunizika usimame getini, akija mtu na kamera mporomoshee matusi yote ya Mama Mkwe, unayajua kwa moyo, usibakize hata moja.

Atakayetaka kunililia anililie. Asiyelia asilazimishwe, na mtu asiambiwe rudia.

Nipeni maji... basi, yanatosha. Mungu awape riziki isiyo na fedheha. Awape wazee wema wa kuwaangalia, nanyi mkizeeka, msipangiwe zamu na watoto wenu. Radhi yangu nawapa wote, hata wewe, kifungua mimba, sikuzaa nije nilaani... lakini hasira sijaimaliza, nisikudanganye.

Hiyo karatasi uliyoitia sahihi, mtayarishaji anakuja kuichukua kesho asubuhi. Najua iko mfukoni mwako. Itoe. Ichane hapa, karibu na sikio langu... masikio bado ninayo. Chana, baba. Chana mama yako asikie...

Mbona sisikii?