Filamu ya Sita ya Ghislain Mwenze

Ndugu na marafiki, mliotoka hapa Koekelberg, Brussels, na mliovuka bahari, asanteni kwa kufika. Wasifu huu umeandikwa na Mathilde, dada mdogo wa marehemu, ambaye alionywa na marehemu mwenyewe asimsifu kupita kiasi.

Ghislain Mwenze Tshibangu alizaliwa Likasi, Katanga, tarehe 14 Machi 1961, kifungua mimba wa papa Mwenze, fundi wa mitambo, na maman Abigaël. Alikuwa mbishi tangu utotoni. Akishika neno, ameshika.

Alisoma shule ya msingi Likasi na sekondari Lubumbashi. Mwaka 1984 alikwenda Chicago kusomea uhandisi, lakini baada ya mwaka mmoja alihamia sinema kimyakimya. Kwa miaka mitatu barua zake kwa baba zilieleza injini ambazo hakuwahi kuzigusa. Baba alipogundua, alijibu mstari mmoja tu: "Mutoto wangu, muntu wa sinema anakulaka nini?" Ghislain aliibandika barua hiyo juu ya meza yake ya kazi, na ipo hapo hadi leo.

Filamu yake ya kwanza aliipiga mwaka 1991 katika duka la dobi alikofanya kazi, siku za Jumapili mashine zikiwa zimezimwa. Zikafuata nne nyingine. Alichukua uraia wa Marekani, ila bwana wa kumwamrisha hakumchukua. Mfadhili mmoja alipomtaka abadilishe mwisho wa filamu ya tatu, alibeba makasha yake ya filamu akapanda basi. Aliimaliza miaka minne baadaye, kama alivyotaka yeye.

Alikuja Brussels kuonyesha filamu hiyo, na muuguzi aitwaye Inès akasinzia katikati, kisha akamwambia ukweli. Walifunga ndoa Koekelberg tarehe 5 Julai 2003, na Ghislain akabaki hapa. Mwaka 2005 walimpata Chloé.

Filamu ya sita, juu ya mzee wa Katanga anayefia Brussels, aliipiga mwaka 2018 na majirani wa barabara ya Chaussée de Wavre. Ilibaki sehemu moja, mazishi. Jeneza lilikuwa tayari, lakini Bertin, aliyeigiza mzee, alikataa kulala ndani. Maman Alphonsine, muuza vitenge aliyepaswa kuongoza kilio, akaketi juu ya kiti na kukunja mikono. "Miye siwezi kulilia muntu mwenye angali anapumua, tonton Ghislain. Ni kumuitia kufa." Ghislain akavua viatu ili aingie yeye, Inès akamvuta kwa koti. Wengine walimshauri aikate sehemu hiyo. Alikataa, na filamu ikakaa miaka sita bila mwisho.

Septemba 2024 madaktari walikuta saratani ya kongosho. Siku hiyohiyo alimwambia mkewe: "Bon, sasa mazishi iko. Mukienda kunizika, Chloé ashike camera. Maman Alphonsine hatakuwa tena na sababu ya kukataa."

Inès alikasirika, na alikuwa na haki. "Miye si actrice," alisema baada ya wiki tatu. "Nitakulilia ya kweli."

"Donc, ni kilio hiyo njo nataka," Ghislain alijibu.

Inès alikubali kwa sharti moja: binti yao akishindwa, aweke kamera chini, hata kama mazishi hayajakwisha. Ghislain, ambaye hakuwahi kuruhusu kamera isimame kabla ya wakati, aliridhia. Alifariki hospitalini Brussels, Alhamisi tarehe 6 Februari 2025, ameshikwa mkono.

Ameacha mke, Inès, binti, Chloé, dada, Mathilde, na mdogo wake wa kiume, Cédric, wa Likasi.

Chloé amesimama kushoto na kamera, karibu na uzio. Tafadhali msimtazame. Maman Alphonsine amekuja, na ndiye atakayeanza kilio. Chloé akiweka kamera chini, mwacheni aje kwa mama yake. Filamu ya baba yake itakuwa imekwisha.

Mungu ampokee Ghislain, ampumzishe kwa amani.