Lefsi ya Dada Aikande

Mchungaji, wazee wangu, wafiwa wenzangu, na ninyi mliosimama kule barabarani kwa sababu uwanja umejaa, maana msiba wa watu wengi hivi Kimandolu haujawahi kuonwa, mimi ni Abdiel, mdogo wake marehemu niliyemfuata ziwa, familia imeniomba niseme historia yake, karatasi ninayo hapa ameniandikia mpwa wangu Nathanael, lakini shule na mimi hatukuelewana, kwa hiyo nitasema ya kichwani, na kichwa hiki hakijasahau kitu tangu nizaliwe.

Dada yetu Aikande alizaliwa Akheri tarehe 12 Machi 1958, akasoma hapo hapo mpaka darasa la saba, akamaliza mwaka 1972 akiwa wa kwanza wilaya nzima, labda na mkoa, halafu mwaka 1977 akapata kazi ya ndani kwa mama mmoja mmisionari wa Kinorwei, na huko ndiko alikojifunza ule mkate mwembamba wa viazi ambao wenyewe wanauita lefse, sisi tukauita lefsi mpaka leo.

Wengi mmeula, kazi yake hamuijui, viazi vya huku mlimani vinachemshwa leo, vinapondwa moto moto mpaka donge lisibaki, vinatiwa siagi na krimu, vinaachwa vipoe mpaka kesho yake, ndipo unga unaingia, tena kidogo, kisha unasukuma mpaka unaiona meza chini yake, unachoma kwenye bamba la chuma kikavu, mafuta hata tone hakuna, na yule mama aliporudi kwao mwaka 1983 akaondoka na mti wake wa kusukumia wenye mifereji, mimi nikamchongea dada mti mwingine, wa mbao ya mringaringa, Wanorwei waliokuja baadaye wakaushika wakasema kwao hakuna kama huu.

Tarehe 14 Julai 1984 alifunga ndoa na shemeji Solomoni, aliyetutangulia mwaka 2016, akahamia hapa, wakajaliwa Nathanael mwaka 1986 na Nice mwaka 1990, na kila Krismasi magari ya kufuata lefsi yalijipanga kutoka getini mpaka lami, polisi wa barabarani wakawa hawana la kufanya, lakini donge lile la kusukuma dada hakumwachia mtu, hata Nice alikuwa wa kumenya viazi tu.

Februari mwaka jana kiharusi kikamshika mkono wa kulia, ndipo Nice akaushika mti, mama yake kakaa kwenye kiti anatazama, mikate ikachanika, mingine ikawa mizito kama ndala, mpaka siku moja dada akasema, "Unausukuma kama chapati, mwanangu. Usiuonee."

Mwezi wa tano mwaka huu akalazwa, akaniita karibu na kitanda, akasema, "Abdiel, nisishushwe kaburini watu hawajala lefsi yangu. Na aichome Nice." Nikamwambia dada, msibani watu wanakula wakitoka kuzika, akageukia ukutani, mnamjua alivyokuwa, basi nikakubali, na Jumanne tarehe 10 Juni 2025, saa kumi na moja alfajiri, akatutoka.

Sasa jana mchana akina mama wa jumuiya, wana upendo mpaka unazidi, walisikia lefsi inatakiwa, wakachukua viazi bado vinatoa moshi, wakatia unga hapo hapo, wakakanda na maji moto na mafuta kama chapati za harusi, beseni zima likawa gundi, ukitia mkono hautoki, Nice kuinuka mkekani aende jikoni, Mama Hedwiga, mmoja wao, akamzuia mlangoni, akamwambia mfiwa hashiki sufuria, kaa chini ulie, majirani tupo, na kweli ndiyo desturi yetu, lakini yule mtoto akamjibu kwa adabu, "Nimeshalia, mama. Naomba nafasi jikoni."

Hapo mimi nikaingia, nikayasema maneno ya marehemu mbele ya wote, Mama Hedwiga akavuta kigoda, akaanza kumenya viazi vingine pamoja na Nice, wakavichemsha, wakaviponda, vikalala nje kwenye baridi, na hivi ninavyosema chuma kiko motoni nyuma ya nyumba, ya kwanza imechanika, nimeambiwa, na iliyofuata pia, ndiyo maana nasema polepole, Mchungaji, saa yako naiona, na ukungu unavyoshuka mlimani nauona, lakini nilikubali.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhangaikia, majirani wa Kimandolu, kwaya, ukoo wote kutoka Akheri, vijana wa bodaboda waliobeba viti bure, akina mama wa jumuiya pamoja na beseni lao, na wote ambao, ngojeni, ngojeni kidogo, Nice huyo anakuja na sinia.

Lete hapa mwanangu, nianze mimi. Upande huu mnene kidogo. Haikuchanika. Mama Hedwiga, kata ndogo ndogo, igawe, na wale wa barabarani wafikiwe, Mchungaji naye apate.

Dada Aikande, Nice amechoma, watu wanakula. Lala sasa, tunakuja kukushusha.