Aliyesoma Mashtaka Kumi na Moja Mara Mbili

Kila siku saa moja asubuhi, redio ilipoanza kusoma habari, marehemu bibi yetu alivuta kiti karibu na dirisha la jikoni na kuandika kwa hati mkato kila alichokisikia. Habari zikiisha, alikichana kikaratasi na kwenda kuchemsha maji ya chai. Wajukuu tulipomcheka kwamba anachora minyoo, alitujibu, "Chekeni tu. Mkono huu ulinilisha mimi na mama zenu."

Bi Karani, kama mtaa mzima ulivyomwita, alizaliwa tarehe 4 Machi 1946 katika nyumba za wafanyakazi wa reli, mtoto wa pili wa fundi wa mabehewa. Alisoma shule ya msingi iliyopakana na karakana ya baba yake, kisha sekondari ya wasichana hadi mwaka 1963. Mwaka 1965 alipata cheti cha kupiga chapa na hati mkato. Tarehe 3 Januari 1966 aliajiriwa Mahakama Kuu, akapewa meza ndogo chini ya kiti cha jaji, awe anasoma mashtaka na kuandika yanayosemwa, na mahakamani hapo akakaa miaka thelathini na mitano.

Babu alikuwa fundi cherehani aliyeshona majoho ya mawakili. Siku moja alifika na futi yake shingoni.

"Nimekuja kumpima jaji."

"Jaji amesafiri."

"Basi nikupime wewe."

"Mimi sivai joho, kaka."

"Gauni je?"

Walifunga ndoa tarehe 12 Agosti 1969. Gauni alilishona mwenyewe bwana harusi, na bibi alisema hadi mwisho kwamba lilimbana kwapani.

Mwaka 1981 ilikuja kesi ya mtu aliyeitwa Msoma Mita. Alijifanya mfanyakazi wa idara ya maji, akafunguliwa milango, na kwa miaka mitatu wanawake kumi na mmoja waliuawa majumbani mwao. Jumatatu tarehe 5 Oktoba, bibi alisimama kumsomea mashtaka. Sheria ilitaka kila shtaka lisomwe peke yake na lijibiwe peke yake. Lakini mashtaka ya nne na ya tano yalihusu dada wawili waliouawa siku moja katika nyumba moja, na bibi aliyasoma kwa mfululizo, bila kutua. Mshtakiwa akajibu mara moja tu: "Si kweli." Hakuna aliyeshtuka. Baada ya miezi saba alitiwa hatiani.

Wakili wake alikata rufaa akidai kwamba shtaka moja halikujibiwa. Mwenendo wa kesi uliopigwa chapa ulionyesha majibu kumi na moja, kwa sababu mpiga chapa alikuwa na mazoea ya kuweka jibu chini ya kila shtaka. Daftari la bibi lilionyesha majibu kumi. Msajili akamwita ofisini, akafunga mlango.

"Mama, makaratasi hupotea kila siku hapa."

"Yangu hayapotei, mzee."

"Unataka yule mtu arudi mitaani?"

"Sitaki."

"Sasa?"

"Alijibu mara moja."

Aliyasema hayo kwa kiapo, na Mahakama ya Rufaa ikaifuta kesi yote, ianze upya mbele ya jaji mwingine. Bibi alihamishiwa masjala, akawa anapanga mafaili. Sokoni watu walimpisha kama mgonjwa wa kuambukiza. Kilichomtesa zaidi ni kwamba mlinzi aliyemwona Msoma Mita akitoka nyumba ya saba alikuwa ameshafariki, na bila yeye mtu huyo angeweza kuachiliwa.

Jaji mpya alimrudisha kwenye meza yake. Alipoulizwa sababu, alisema, "Karani aliyekosea hapo hatakosea tena hapo." Asubuhi ya Jumatatu tarehe 6 Februari 1984, mama wa wale dada wawili alimsubiri bibi kwenye ukumbi wa nje.

"Wewe ndiye uliyewasoma wanangu pamoja?"

"Ni mimi, mama. Naomba unisamehe."

"Leo watenganishe."

Bibi alisoma shtaka la nne, akanyamaza hadi mshtakiwa alipojibu. Akageuza ukurasa. Akasoma la tano, akanyamaza tena. Tarehe 24 Agosti mwaka huo, hata bila ushahidi wa mlinzi yule, Msoma Mita alitiwa hatiani kwa makosa yote kumi na moja, akafungwa maisha. Mama wa wale dada alikuja mahakamani Jumatatu iliyofuata, akampa bibi mkono, akaondoka.

Bibi alistaafu mwaka 2001. Babu alitangulia mwaka 2009. Tangu mwaka jana alisumbuliwa na moyo, akalazwa mara tatu, kila mara akiwasahihishia wauguzi tarehe kwenye cheti chake. Alifariki Jumanne tarehe 11 Juni 2024, saa tisa alasiri, binti zake wakiwa kando yake. Ameacha mdogo wake wa kiume, watoto watatu, wajukuu saba na kitukuu mmoja. Mungu ampokee, na udongo umlalie kwa wepesi.

Jumapili, siku mbili kabla, mjukuu anayewasomea wasifu huu alikuwa akimkata kucha hospitalini. Hakuwahi kumuuliza habari za kesi ile. Siku hiyo alimuuliza: "Bibi, na kama kesi ya pili ingemwachilia?"

Bibi aliutazama mkono wake kwanza.

"Ningesema vilevile," alijibu. "Ila mkono wa yule mama nisingethubutu kuupokea."