Kuku wa Shukrani

Gari lilipotoka Namanyere, mzee Leonidas, aliyekaa kiti cha pembeni yangu, alikuwa amempakata kuku akimsimulia dada aliyekaa naye, ambaye hakumjua kabisa. "Ni wa shukrani. Kuna mama ananisubiri stendi ya Sumbawanga. Amemtafutia mjukuu wangu Rahel kazi za ndani, na kesho anakuja kumchukua."

"Kazi yenyewe iko wapi, mzee wangu?" aliuliza dada, Bertilla, mhudumu wa afya wa kijiji.

"Mjini."

"Mji gani? Kwa nani?"

"Kwa watu wazuri."

Kuku alinigeukia. Hata yeye hakuridhika.

Bertilla akacheka. "Sisi siku ya kliniki, tukishapima watoto, tunawafundisha wazazi kumuuliza anayekuja kuchukua mtoto kwa kazi. Nyumba iko wapi? Mpigie mwajiri hapa hapa, tusikie wote. Ni kama chanjo, unachanja kabla mtoto hajaugua. Juzi jamaa mmoja aliyekuja kuchukua binti kaulizwa hivyo, katoka mbio na tonge la ugali wa ulezi mkononi!"

Gari zima tukacheka, isipokuwa mzee. "Chanjo ni ya surua. Wanaouza watu ni kazi ya polisi."

"Polisi tunawaita mtoto akishapotea."

"Surua ni surua!"

Walibishana hivyo hadi stendi. Mzee akashuka, akamkumbatia kuku wake vizuri, akageuka.

"Sikubaliani na wewe hata kidogo, mwanangu. Haya, shuka twende ukamuulize. Akikimbia, huyu kuku tunamla sisi."