Bi. Hosiana Anaondoka, Mashine ya Mwanga Inabaki Yatima

Ijumaa hii, tarehe 27 Juni 2025, Bi. Hosiana Mgaya anastaafu baada ya miaka thelathini na mitatu katika maabara yetu ya mbegu za viazi, Makambako. Nimeombwa niandike kwa furaha. Nitajaribu, ila nina hasira na sitaificha.

Alianza na hadubini. Ilipoletwa mashine ya kupima vinasaba, ndiye aliyekwenda kuisomea. Maji ya kiazi hutiwa rangi inayoshika vinasaba vya bakteria wa ugonjwa wa mnyauko, kisha mashine huyapiga kwa mwanga mfupi kuliko kupepesa jicho. Mwanga ukizimika, kiazi kigonjwa huacha mng'ao hafifu sana. Kizima hakiachi kitu.

Sasa, baridi yetu ya Julai mnaijua. Mwaka juzi Bwana Kornelio, aliyekuwa mkuu wa maabara, aliingiza jiko la mkaa chumba cha mashine ili watu waote moto. Masizi yakatanda kwenye lenzi, mng'ao ukafichika, na kila kiazi kikasomeka kizima. Watu wakapongezana. Bi. Hosiana alirudi kutoka likizo, akatazama majibu, akasema Njombe haijawahi kuwa na afya hivyo tangu iumbwe. Akazuia mbegu zisitoke. Wakubwa wakamwita mkaidi, na wakulima wamejaa getini wakisubiri mbegu. Akafuta lenzi, akarudia vipimo, ugonjwa ukaonekana. Jiko alilitoa nje mwenyewe, birika la chai likiwa juu yake. Mpaka leo hakuna aliyemwomba radhi.

Haya, mtu wa namna hii anaondoka, nani amefundishwa kushika nafasi yake? Hakuna. Kila mwaka aliomba msaidizi, kila mwaka akaambiwa avute subira. Wiki hii tumeelekezwa mashine ifunikwe kitambaa, na mbegu zikaguliwe kwa macho. Kiazi chenye mnyauko kinaweza kung'aa kwa nje kama cha maonyesho, na wanaotoa maelekezo hayo wanajua. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wenyewe watajengeshwa wakulima.

Bi. Hosiana anahamia shambani kwake Wanging'ombe, kulima viazi. Mbegu atanunua hapa hapa kwetu, kama majirani zake wote.

Mama, asante kwa kazi. Tunakuombea afya, usingizi wa asubuhi na mvua ya kutosha. Mbegu safi tunashindwa kukuahidi.