Profesa Anaclet na Neno Alilomwambia Mama Mfiwa

Wasikilizaji wapendwa, Profesa Anaclet wa Katuba ametutoka. Alizikwa Jumamosi. Kwa miaka thelathini alifundisha falsafa, na swali lake lilikuwa moja: maneno yetu ya kibinadamu yanawezaje kumsema Mungu?

Darasani aliuliza hivi, akianza na bukari, ugali wetu wa kila siku: "Bukari iko muzuri. Mungu iko muzuri. Ile 'muzuri' iko moja?" Wanafunzi walicheka, kisha wakaanza kubishana. Hapo ndipo somo lilipoanza.

Lakini mwenyewe aliomba asikumbukwe kwa werevu tu, bali pia kwa kosa lake moja. Miaka mitatu iliyopita, jirani yake, mama Émerance, alifiwa na binti yake Tracy, mtoto wa miaka sita. Homa ya siku mbili. Profesa alikwenda kwenye kilio pamoja na mkewe, mama Delphine. Émerance alikuwa mkekani, akirudia kwamba Mungu amemushika Tracy mukono, wanatembea naye.

Mazoea ya ubaoni yakamponza Profesa. Akasema, mbele ya wanawake wote:

"Mama, Mungu hana mikono."

Kilio kikakatika. Delphine akainamisha kichwa. Émerance akaitazama mikono yake mwenyewe.

Tangu siku ile Profesa alizunguka njia ya mbali ili asipite mlangoni pa Émerance. Mtu mzima, mwenye vitabu, anajificha kwa jirani! Alisema kweli, ndiyo. Na kweli ile ndiyo iliyomwaibisha.

Mwaka mzima ukapita ndipo akabisha hodi. Alikataa kiti. Alisema hakuja kufundisha, amekuja kuomba msamaha. Émerance alimsikiliza hadi mwisho, akasema polepole:

"Nilijua Mungu hana mikono, Baba Prof. Lakini miye nilikuwa nayo, na mutoto wa kushika hakukuwa."

Akamsamehe. Akampa maji ya kunywa. Ila mama Delphine anatuambia: "Musamaha alipewa, lakini haya haikumutoka." Kila mwaka, somo la kwanza, aliwasimulia wanafunzi kosa lile, bila kujitetea hata kidogo.

Wiki iliyopita, kwenye kilio cha Profesa mwenyewe, Émerance alifika wa kwanza. Alikaa mkekani, bega kwa bega na Delphine, siku tatu.

Mama Delphine, watoto, na jamaa yote, poleni sana. Nasi tuliobaki, kabla ya kumsahihisha anayelia, tujiulize kwanza: je, ametuuliza?