Kikombe Kilichotikisika

Assalaam alaykum, mama zangu na dada zangu. Nimeambiwa nisimame kwenye kikao chetu hiki cha wenye khofu, kwa sababu hapa mkono wangu ndio mashuhuri kwa kutetemeka. Haya, nimeuleta.

Mnanijua, skuli sikufika mbali, lakini ndoto nnazo tele. Nyumbani, mtaa wa Ansab, mimi na bibi tunamfuatilia mwigizaji mmoja wa Korea. Tulianza kumwona akipita tu na sinia, hata neno hapewi. Mara akawa bi harusi, mara malkia, kisha akapotea miaka, watu wakasema amekwisha. Akarudi, sasa anaigiza mama wa watu. Mimi namtafsiria bibi yale maandishi ya chini kwa Kiswahili, na bibi analia kuliko mwenyewe. Nikasema na mimi nitakuwa kama huyu.

Nikapata sehemu ndogo katika tamthilia ya Ramadhani. Mke yuko kwa jirani, anangoja habari za mumewe aliyeko hospitali, huku anamiminiwa kahawa. Ndugu zangu, kunywa kahawa nani asiyejua? Kamera ikawashwa, mkono ukaanza. Na kwetu ukitikisa kikombe umeshasema basi, imetosha. Yule mama mwenye birika, aliyeigiza jirani, mwigizaji wa siku nyingi, akakipokea kikombe akaenda zake, na mazungumzo yote bado. Watu wakacheka. Tukarudia, yakawa yaleyale. Muongozaji akaniambia, "Binti, nenda kapumzike. Alkhamisi ukija hivi, ntatafuta mwengine."

Nilirudi nyumbani. Nikawa naogopa hata kushika glasi ya maji mbele ya watu. Simu ikilia, nasema hao, wananiondoa. Nikamwambia bibi, "Siendi tena."

Hakubishana nami. "Niwekee yule wetu, pale anapomlisha supu baba mkwe."

Nikaweka. Kipande chenyewe nakijua kwa moyo.

"Tazama mkono," bibi akasema.

Kijiko kilikuwa kinatetemeka, supu inamwagikia kitambaa, naye anaendelea kulisha.

"We ulidhani mie namlilia uso wake?"

Alkhamisi nikaenda. Msidhani khofu iliondoka, ilikuwa imekaa na mimi garini, nasoma dua njia nzima. Nilipofika nikamfuata mama wa birika. "Mama, mkono wangu utatikisika tu. Nimechoka kuuficha."

Akanyanyua birika. "Basi tikisa, mwanangu. Mie ntamimina."

Kikombe kikatikisika, akamimina. Kikatikisika tena, akaweka kiganja chake chini ya changu, akamimina. Jirani anaona kabisa kwamba huyu mke hajui hata mkono wake unasema nini, naye jirani hataki mwenzake aondoke peke yake. Kahawa ikanichoma, sikuinuka. Muongozaji aliposimamisha, hakuna aliyecheka. "Hiyohiyo," akasema.

Tamthilia ilipoonyeshwa, nilionekana muda wa kuosha kikombe tu, lakini bibi alilia, na safari hii hapakuwa na haja ya kumtafsiria.

Namshukuru Mungu, na bibi, na yule mama. Na nyinyi wa kikao hiki cha Khuwair, siku ya kwanza mlinikalisha karibu na mlango nisijione nimefungiwa, wala hamkuniuliza kitu. Ninalowaomba ni moja. Mtu akitikisa kikombe, mtazameni usoni kabla hamjakipokea. Huenda bado ana haja ya kukaa.

Mimi nakaa sasa. Dada mwenye birika, nimiminie. Na ukiona natikisa, usinisadiki.